Bi. Coates, fundi wa mkasi aliyeficha mshono

Na Mwandishi Wetu

UKITAKA kujua jinsi ulimwengu unavyowasahau mafundi wake, keti katika jumba la sinema mpaka picha iishe. Stelingi akishamshinda adui yake na kumkumbatia mpenziwe, taa huwashwa na watu wote huinuka kwa pamoja. Huyu anatafuta kiatu chake chini ya kiti, yule anamwamsha mtoto aliyelala, na wengine wanasukumana mlangoni ili wawahi matatu ya mwisho. Nyuma yao majina yanaendelea kupanda polepole juu ya pazia, wala hakuna anayeyasoma.

Katika sinema za zamani majina hayo yalionyeshwa mwanzoni. Hata hivyo hayakusomwa, kwa sababu wakati huo watu walikuwa wangali wakipapasa gizani kutafuta viti.

Miongoni mwa majina hayo huwa kuna la mtu anayeitwa mhariri wa filamu. Hakuna anayemsimamisha barabarani kumwomba saini. Sura yake haibandikwi ukutani na wasichana wa shule. Lakini kama si yeye, picha iliyokutoa machozi au kukuchekesha hadi mbavu zikauma isingekuwa picha. Ingekuwa rundo la vipande visivyo na mbele wala nyuma.

Leo tumeamua kumtoa mmoja wa watu hao gizani. Huyu ni Bi. Anne V. Coates, Mwingereza aliyefariki Mei 8, 2018 akiwa na umri wa miaka 92. Mama huyu alihariri filamu zaidi ya 50, na aliishika kazi hiyo kwa zaidi ya miaka 60. Huenda hujapata kulisikia jina lake hata siku moja. Lakini ikiwa umewahi kuona Lawrence of Arabia, Murder on the Orient Express, The Elephant Man au Erin Brockovich, basi umekwisha kukaa saa nyingi mikononi mwake bila kujua.

KAZI YENYEWE

Kabla hatujafika mbali, inafaa tueleze kazi hii ni ipi, kwa maana wengi hudhani kwamba mhariri ni mtu wa magazeti peke yake.

Sinema haipigwi kama unavyoiona. Harusi ya mwisho wa hadithi yaweza kupigwa siku ya kwanza kwa kuwa kanisa limepatikana siku hiyo, na siku bwana na bibi harusi walipokutana mara ya kwanza ikapigwa mwezi mmoja baadaye. Tena kila tukio hurudiwa mara tatu, mara nne, pengine mara ishirini. Hupigwa kwa mbali, kisha kwa karibu, kisha kutoka upande wa yule anayesikiliza.

Vipande vyote hivyo hupelekwa kwa mhariri. Yeye ndiye huketi peke yake katika chumba chenye giza akaamua ni kipi kibaki na kipi kitupwe, ni kipi kitangulie na kipi kifuate, na kila kimoja kikae mbele ya macho yako kwa muda gani.

Zamani, kabla ya kompyuta kuingia, kazi hiyo ilifanywa kwa mikono. Mhariri aliupitisha ukanda wa filamu katika mashine ndogo ya kutazamia, akaweka alama kwa kalamu, akaukata, kisha akauunga kwa gundi au kwa utepe. Ukanda huo una picha ndogondogo ziitwazo fremu, na 24 kati yake hupita katika kila sekunde. Sinema ya saa mbili basi ina fremu 172,800, na ukanda wake wa kawaida ukitandazwa chini hupita kilomita tatu. Huo ni ule uliobaki tu. Uliotupwa sakafuni huwa mrefu zaidi mara nyingi.

Wakazi wa pwani wataelewa upesi tukiwaambia kwamba kazi hii ni kama kushona mkeka. Ukili husukwa ukawa utepe mrefu, kisha mshonaji huushona ukingo kwa ukingo mpaka ukawa mkeka mmoja. Mkeka ukishonwa vizuri, mtu huketi juu yake akanywa kahawa yake bila kuuliza mshono uko wapi. Mshono huulizwa pale tu unapofumuka.

Lakini mhariri hafichi mshono tu. Humpa mtazamaji hisia. Katika Urusi ya Kisovieti alikuwako mwelekezi mmoja aitwaye Lev Kuleshov, ambaye jaribio lake hufundishwa mpaka leo. Alichukua picha ya uso wa mchezaji mmoja aliyetulia tu, asiyecheka wala kulia. Akaiunga na picha ya sahani ya supu. Kisha uso uleule akauunga na picha ya jeneza. Inasimuliwa kwamba waliotazama walimsifu sana mchezaji yule, wakisema jinsi alivyoijua njaa, na jinsi alivyoujua msiba. Kumbe uso ulikuwa mmoja. Njaa na msiba vilitoka katika mkasi.

KUTOKA WODINI

Anne Coates alizaliwa Desemba 12, 1925 katika mji wa Reigate, kusini mwa Uingereza. Utotoni alipenda farasi kuliko kitu kingine chochote, na ndoto yake ilikuwa kuwafunza farasi wa mashindano. Kilichomgeuza ni sinema. Akiwa mwanafunzi alipelekwa kuona Wuthering Heights, iliyotengenezwa mwaka wa 1939 kutokana na hadithi waliyokuwa wakiisoma darasani. Kitabu kilichomchosha kikawa kitu chenye uhai. Tena, kama alivyokiri mwenyewe baadaye, alimpenda sana Laurence Olivier, stelingi wa picha hiyo.

Hata hivyo hakukimbilia sinema moja kwa moja. Alifanya kazi ya uuguzi mjini East Grinstead, katika hospitali ya daktari mashuhuri Archibald McIndoe. Huko waliletwa marubani waliokuwa wameungua nyuso na mikono katika Vita Vikuu vya Pili, na daktari huyo akawaunga ngozi kipande kwa kipande ili wapate tena sura za kutazamwa na wenzao. Msichana aliyeyaona mambo hayo kila siku hakuwa mtu wa kutishwa na kazi ngumu.

Alipotaka kuingia katika sinema, mlango haukuwa mbali. Mjomba wake, ndugu wa mama yake, alikuwa J. Arthur Rank, bwana mkubwa wa sinema nchini Uingereza wakati huo. Tajiri huyu wa viwanda vya unga alimiliki mastudio ya Pinewood na majumba mengi ya kuonyeshea picha, yakiwemo yale ya jina la Odeon.

Utadhani basi mambo yalikuwa rahisi kwa mpwa. La, hasha. Bw. Rank alikuwa Mkristo mwenye msimamo mkali wa Kimethodisti, na yeye mwenyewe aliingia katika sinema kwa nia ya kueneza Injili. Hakufurahi kuona binti wa dada yake akivutiwa na anasa za dunia ya manyota. Kwa hiyo akamtafutia kazi katika kitengo kilichoshughulikia filamu fupi za dini zilizotumwa makanisani. Inaaminika kwamba alitumaini hamu ya binti huyo ingepoa yenyewe.

Kazi aliyopewa ilikuwa ya kuchosha. Kanda ziliporudi kutoka makanisani zimekatika na kuchakaa, yeye alizitengeneza. Alikata palipoharibika, akaunga, akazituma tena. Mjomba alidhani amemfungia mlango. Kumbe alikuwa amempeleka chuoni. Siku alipotoka huko, vidole vyake vilikuwa vimekwisha kuuzoea ukanda wa filamu kama vya mshonaji vinavyouzoea uzi.

MKASI WA WANAWAKE

Bi. Coates alitaka hasa kuwa mwelekezi. Lakini alipochungulia katika mastudio akaona ni kazi chache mno ambazo mwanamke aliweza kuzipata. Kulikuwa na kusuka nywele za wachezaji, kuwavisha nguo, au kuandika daftari la kumbukumbu za upigaji wa picha. Kati ya zile zilizokuwa wazi, ni uhariri peke yake uliompendeza.

Jambo hili lina historia yake. Sinema ilipoanza, kukata na kuunga filamu kulionekana kuwa kazi ya mikono kama kushona nguo, na kwa hivyo waliajiriwa wasichana. Hakuna aliyefikiri kwamba kazi hiyo ilihitaji akili nyingi. Sauti ilipoingia katika filamu mwishoni mwa miaka ya 1920, na mashine zikaongezeka, ndipo wanaume walipoanza kuitaka kwa wingi.

Lakini wanawake kadhaa walikuwa wamekwisha kukita mizizi. Huko Marekani, Bi. Margaret Booth alianza kukata filamu mwaka wa 1915 akiwa msichana, akaishia kuwa mkubwa wa wahariri wote wa kampuni ya MGM. Bi. Anne Bauchens, mwanamke wa kwanza kushinda tuzo la Oscar la uhariri, ndiye aliyeihariri ile filamu ya Musa, Amri Kumi ya mwaka 1956. Baadaye alikuja Bi. Verna Fields, aliyeihariri Jaws ya mwaka 1975. Papa wa bandia aliyetengenezwa kwa ajili ya picha hiyo aliharibika mara kwa mara, na kwa sehemu kubwa ya hadithi haonekani. Bi. Fields akayatumia maji matupu kuwatisha watu, naye akapata Oscar.

Ni katika ukoo huu wa mkasi ambamo Bi. Coates aliingia. Alipata kazi Pinewood kama msaidizi wa msaidizi, ngazi ya chini kabisa, akabebeshwa makopo ya filamu na kuandika namba za vipande. Kwa njia hiyo alishiriki katika The Red Shoes ya mwaka 1948. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye aliinama. Mwaka wa 1952, akiwa na umri wa miaka 26, jina lake lilitokea katika The Pickwick Papers kama mhariri kamili.

MBELE YA MWALIMU

Jambo lililoyabadilisha maisha yake lilianzia dukani. Siku moja jijini London alikutana na rafiki aliyekuwa akifanya kazi na mwelekezi David Lean. Akaambiwa kwamba Bw. Lean anatayarisha majaribio ya filamu kubwa ya jangwani, na kwamba Albert Finney ndiye anayejaribiwa kuwa stelingi. Bi. Coates akauliza ni nani anayeyahariri majaribio hayo. Hakuna. Basi akajitolea.

Hapa inafaa msomaji aelewe hatari aliyojitia. David Lean hakuwa mwelekezi wa kawaida. Kabla ya kuelekeza filamu alikuwa yeye mwenyewe mhariri, tena kwa maoni ya wengi alikuwa bora kuliko wote Uingereza. Kumpelekea mtu kama huyo kazi ya mkasi ni sawa na kumwimbia shairi malenga.

Siku ya kuonyeshwa ilipofika, chumba kilikuwa kimejaa watu. Bi. Coates alisimulia baadaye kwamba hofu ilikuwa imemshika barabara. Taa zilipowashwa Bw. Lean akainuka na kutamka mbele ya wote kwamba hiyo ilikuwa mara yake ya kwanza maishani kuona kipande kimekatwa sawasawa na vile ambavyo angekikata mwenyewe. Finney aliikataa kazi hiyo, nayo ikamwendea Peter O'Toole. Bali mhariri alikuwa amepatikana.

Filamu yenyewe, Lawrence of Arabia, ilianza kupigwa Mei 1961 huko Jordan, kisha Uhispania na Moroko. Upigaji uliendelea zaidi ya mwaka mzima, na tarehe ya kuizindua mbele ya Malkia Elizabeth ilikuwa imekwisha kupangwa: Desemba 10, 1962. Kwa hivyo baada ya mpiga picha kufunga kamera yake, Bi. Coates na wenzake walibakiwa na muda mfupi sana wa kuikamilisha picha ya zaidi ya saa tatu na nusu. Walifanya kazi usiku na mchana.

NJITI YA KIBIRITI

Ndani ya picha hiyo kuna sekunde chache ambazo wanafunzi wa sinema duniani kote huonyeshwa mpaka leo.

Lawrence, ofisa kijana wa jeshi la Uingereza, yumo ofisini mjini Cairo. Amepata habari kwamba atatumwa Arabuni. Anashika njiti ya kibiriti inayowaka, anaitazama, kisha anaipuliza. Pu! Papo hapo hakuna ofisi tena. Kuna jangwa lisilo na mwisho, jekundu, na jua linachomoza taratibu. Mtazamaji huhisi kana kwamba pumzi ile ndiyo iliyolileta jangwa.

Sasa sikiliza jinsi jambo hili lilivyotokea. Katika maandishi ya filamu halikuwa hivyo. Iliandikwa kwamba picha ya ofisi ififie polepole huku ya jangwa ikijitokeza ndani yake, mtindo uliokuwa wa kawaida wakati huo. Lakini kufifisha picha ni kazi ya maabara, nayo hufanywa mwishoni. Katika nakala ya kazi Bi. Coates alikuwa ameviunga tu vile vipande viwili, kimoja nyuma ya kingine.

Walipokaa kuitazama nakala hiyo, wakaona kibiriti kinazimika na jangwa linatokea ghafla. Wote wawili walishtuka. Bi. Coates alikuwa amekwisha kumshawishi Bw. Lean aende kuona filamu za vijana wa Ufaransa, waliokuwa wakiruka kutoka tukio hadi tukio bila kubisha hodi. Kwa hivyo mwelekezi alikielewa alichokiona. Akasema kwamba ni karibu kamili, lakini bado. Akamwambia aende akakikamilishe.

Bi. Coates akarudi chumbani kwake. Akakata fremu mbili.

Fremu mbili, msomaji, ni sehemu moja ya kumi na mbili ya sekunde. Ni muda ambao hata jicho halijamaliza kupepesa. Akakirudisha kipande kwa Bw. Lean, naye akasema sasa ni kamili.

Wako watakaosema kwamba hiyo ilikuwa bahati tu. Ni kweli, vipande vile vilikutana kwa bahati. Lakini bahati humpita kila siku asiyekuwa na macho ya kuitambua. Wangapi wangeliona kosa lile, wakaiomba radhi kamati na kuahidi kwamba maabara italirekebisha?

Filamu ile ilipata tuzo saba za Oscar, na moja kati ya hizo ilikuwa ya Bi. Coates. Yeye mwenyewe alisema kwamba alichojifunza hasa kwa Bw. Lean ni kuwa na ujasiri wa kushikilia anachokiamini.

MKASI USIO NA FUNDI

Lakini ushindi huo ulikuwa na uchungu ndani yake. Muda mfupi tu baada ya uzinduzi, filamu ilipunguzwa dakika zipatazo ishirini, kwa kuwa picha fupi huonyeshwa mara nyingi zaidi kwa siku na hivyo huleta fedha zaidi. Ikapunguzwa tena mwanzoni mwa miaka ya 1970. Watu wengi waliodhani wameiona Lawrence of Arabia waliona mkeka uliong'olewa kili zake katikati.

Hapo ndipo tunapoona tofauti kati ya kukata na kuhariri. Mkasi kila mtu anao. Anayekata ili aokoe dakika, na anayekata fremu mbili ili jua lichomoze kwa wakati wake, hawafanyi kazi moja.

Katika miaka ya 1980 mtaalamu wa Marekani, Bw. Robert Harris, alianza kuvitafuta vipande vilivyotupwa. Bw. Lean, aliyekuwa sasa mzee, aliitwa, na Bi. Coates akaitwa pia. Baadhi ya vipande vilipatikana havina sauti. Ikabidi Peter O'Toole na Alec Guinness wayaseme upya maneno waliyokuwa wameyasema zaidi ya robo karne nyuma, na sauti zao zifanywe ziwe za ujana. Mwaka wa 1989 picha ilitolewa upya, ikiwa imeungwa na mikono ileile iliyoiunga mara ya kwanza. Si mafundi wengi wanaopata nafasi kama hiyo.

UZEE NA KOMPYUTA

Bi. Coates hakukaa kuila sifa ya filamu moja. Aliteuliwa tena kuwania Oscar kwa Becket ya mwaka 1964, na kwa The Elephant Man ya mwaka 1980, kisa cha kusikitisha cha mtu aliyezaliwa na maumbile ya kutisha. Alihariri pia Greystoke ya mwaka 1984, hadithi ya Tarzan ambayo sehemu yake ilipigwa katika misitu ya Kameruni.

Aliolewa na mwelekezi Douglas Hickox, wakajaliwa watoto watatu, na wote watatu wakaingia katika sinema. Binti yake, Emma, alifuata nyayo za mama akawa mhariri.

Katikati ya miaka ya 1980, akiwa amepita umri wa miaka 60 au anaukaribia, umri ambao wengi hurudi kijijini kulima, Bi. Coates alihamia Marekani kuanza upya. Huko aliikuta kazi yenyewe ikigeuka. Mkasi na gundi viliondoka mezani, kompyuta ikaingia. Wengi wa rika lake waliaga. Yeye alijifunza.

Mwaka wa 1993 aliihariri In the Line of Fire ya Clint Eastwood, akateuliwa tena. Mwaka wa 1998 akaja na Out of Sight, akiwa na umri wa miaka 72. Katika picha hiyo kuna mazungumzo ya mapenzi kati ya George Clooney na Jennifer Lopez mkahawani, ambayo yameunganishwa na yale yanayotokea baadaye chumbani, hivi kwamba wakati mmoja unachungulia ndani ya mwingine. Wanaozungumza bado wameshika glasi, na tayari tunaona watakakofikia. Vijana walisema huo ni mtindo wa kisasa. Kumbe aliyeushona alikuwa bibi mwenye wajukuu, na akateuliwa tena kuwania Oscar.

Hakuishia hapo. Mwaka wa 2015, alipokuwa na miaka 89, jina lake lilikuwamo miongoni mwa wahariri wa Fifty Shades of Grey, picha ambayo bila shaka mjomba wake asingeiruhusu kanisani!

Heshima nazo zilikuja, ingawa kwa mwendo wa kobe. Mwaka wa 2007 taasisi ya filamu ya Uingereza, BAFTA, ilimpa heshima yake ya juu kabisa. Novemba 2016 Wamarekani wakampa Oscar ya heshima kwa kazi ya maisha yake yote. Wakati huo alibakiza majuma machache kutimiza miaka 91.

Alipoulizwa juu ya kuwa mwanamke katika kazi hiyo, alizoea kujibu kwamba hakujitazama hivyo. Alijiona mhariri tu. Huenda hilo ni jibu la mtu aliyeona mengi akaamua kutoyasema. Au huenda ni jibu la fundi wa kweli, ambaye hata yeye mwenyewe hapendi mshono wake uonekane.

MAJINA YANAPOPANDA

Majumba mengi ya sinema tuliyoyajua Nairobi na Mombasa yamefungwa au yamegeuzwa makanisa na maduka. Lakini kazi ya Bi. Coates haikufa. Pengine haijapata kuwa na watu wengi nchini kama leo. Wako waliosomea katika chuo cha mawasiliano cha KIMC kule South B. Wako vijana wa River Road, wanaokesha mbele ya kompyuta ili picha ya Riverwood iwahi sokoni. Yuko hata kijana wa mtaani kwenu anayezikata video za harusi kwa simu yake. Bibi harusi akizitazama hulia kwa furaha na kumsifu mpiga video, kisha husahau kwamba kuna aliyekaa usiku kucha akaondoa mahali ambapo shangazi alijikwaa.

Chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Lakini chema cha mhariri kina balaa yake: kadiri kinavyozidi kuwa chema ndivyo mwenyewe anavyozidi kupotea. Malipo yake ni kwamba wewe hukumwona. Tukimngoja hadi afikishe miaka 90 ndipo tumpigie makofi, wengi watakuwa wamekwisha kwenda zao.

Kwa hivyo msomaji, siku nyingine picha ikiisha, keti kidogo. Matatu nyingine itakuja. Soma majina yanavyopanda mpaka ulione la mhariri, kisha ujiulize ni wapi alipokata. Ikiwa hukumbuki hata pahali pamoja, basi mpigie makofi, kwa kuwa kazi yake ameifanya.